Arusi Imechelewa, Tufanye Nini?

Somo la kikundi. Linahitaji muda wa saa mbili hivi, ubao au karatasi kubwa, na bakuli moja la maharagwe makavu.



Hakuna kijiji ambacho hakina maneno ya arusi. Wengine wanauliza watafanyaje, maana mahari haijaisha. Wengine wameishi pamoja miaka kumi, watoto wanasoma, na bado hawajafika mbele ya altare. Wengine walifanya arusi kubwa ya hema tatu na mpaka leo wanapita njia ya nyuma ili wasionane na mwenye duka aliyewakopesha mchele. Somo hili ni la hao wote. Ni la vikundi vyetu pia, kwa sababu siku hizi pesa za arusi mara nyingi zinatoka kwenye sanduku la kikundi.

Mwenye kuongoza somo, usilisome lote mfululizo kama hotuba ya chifu. Lisome kwanza peke yako nyumbani. Chagua watu watatu waigize mchezo ulio hapa chini, halafu watu waongee. Kikundi chenye vijana wachumba na wazee wa mahari kwa pamoja kitafaidika zaidi, hata kama mwanzo watu wataona haya.

MCHEZO

(Jioni, jikoni. Mama anapepeta maharagwe. Baba anaingia, anaweka jembe ukutani. Mtoto wa miaka kumi na mbili anasoma kwa taa.)

MAMA: Baba Watoto, leo katekista ameniuliza tena.

BABA: Amekuuliza nini?

MAMA: Si yale yale. Kifungua mimba wetu anapokea Kipaimara mwaka huu, na sisi wazazi wake wakati wa komunyo tunabaki kwenye benchi. Mpaka lini?

BABA: Sasa nimwambie nini? Arusi ni pesa. Umeona ile ya juzi ya kwa mwalimu. Keki ilikuwa na ghorofa kama nyumba ya Nairobi.

MAMA: Mimi sijakuomba ghorofa.

BABA: Wewe huombi, lakini watu wataongea. Na ndugu zako je? Mzee alisema wale ng'ombe watatu wakiwa hawajafika, hataki kusikia mambo ya pete.

MAMA: Hayo ya ng'ombe ni yenu nyinyi wanaume. Mimi miaka kumi na tatu nimekuwa hapa, nimezaa, nimelima, nimemzika mama yako kwa mikono hii. Bado naambiwa sijaolewa.

BABA: (anafikiri) Basi nitakopa kwa kikundi. Elfu sitini. Tumalize hii maneno.

MAMA: Kikundi? Hizo ni pesa za tangi la maji!

(Kimya.)

MTOTO: Mama, kwani nyinyi hamjaoana?

(Mama na baba wanatazamana. Mwisho.)

Baada ya mchezo, wapeni waigizaji makofi, halafu muulizane: Mmeona nini? Mama anataka nini hasa? Baba anaogopa nini? Mzee wa ng'ombe hakuonekana, lakini alikuwa jikoni pamoja nao; ni nani wengine walikuwa humo bila kuonekana? Je, mambo haya yanatokea kwetu? Msiharakishe kutoa dawa. Acheni kwanza watu waseme ugonjwa.

MTOTO AJIBIWE NINI?

Swali la mtoto ndilo gumu kuliko yote, na jibu lake lina sehemu mbili, ya Serikali na ya Kanisa.

Kwa upande wa Serikali, Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 inatambua ndoa za aina tano: ya Kikristo, ya Kiserikali, ya kimila, ya Kihindu na ya Kiislamu. Zote zina heshima sawa mbele ya sheria. Zote zinataka watu wawe wametimiza miaka 18 na wawe wamekubali kwa hiari yao wenyewe. Kwa hiyo kama baba wa mchezo wetu alipeleka mahari, hata kidogo, na mambo ya mila ya kwao yakafanyika mbele ya wazee, hao ni mume na mke. Sheria hiyo hiyo inasema wazi kwamba pale ambapo mila inadai mahari, kiasi kidogo tu cha kuonyesha nia kinatosha kuthibitisha ndoa. Ng'ombe watatu waliobaki ni deni la heshima kati ya wakwe. Hawaivunji ndoa.

Kila jamii ina alama yake. Wakamba wanauliza kama mbuzi wa ntheo walikwenda. Wagikuyu wanauliza kama ngurario ilichinjwa. Wajaluo wanauliza kama mama ya msichana alipewa ayie. Wazee wenu wanajua alama ya kwenu. Waulizeni wakiwa bado hai, maana mambo yakifika kortini ndiyo yatakayoulizwa.

Sasa, kuna wenzetu ambao hawana hata hiyo alama. Walikutana, wakapangisha chumba, mtoto akaja. Hii ndiyo watu wanaita njoo-tukae. Hawa wako mahali pabaya, hasa mama. Bwana akifa, ndugu zake wanaweza kusema hawamjui. Zamani watu walikuwa wakisema, aa, mkikaa miaka mingi korti itawahesabu kama mmeoana. Korti inaweza kufanya hivyo kweli, lakini mwezi wa Januari 2023 Mahakama ya Juu ya Kenya ilieleza kwamba njia hiyo itumiwe kwa nadra sana, pale tu ushahidi una nguvu. Miaka ya kukaa pamoja peke yake isiwe ndiyo bima yenu.

Aliyekwisha kuoa kimila anaweza kuandikisha ndoa yake na kupata cheti. Sheria inasema wenye ndoa ya kimila wamjulishe Msajili wa Ndoa ndani ya miezi mitatu baada ya shughuli za mila kukamilika. Wengi wetu hatukufanya hivyo. Nendeni mkaulize katika ofisi ya Msajili, mbebe vitambulisho vyenu, na mwende na kijana anayejua simu vizuri, kwa sababu maombi ya Serikali siku hizi yanaanzia kwenye eCitizen.

Kwa upande wa Kanisa, jibu ni lingine. Mkatoliki anafunga ndoa mbele ya padre au shemasi na mashahidi wawili. Kabla ya hapo hao wawili, hata wakiwa wanapendana namna gani, wanaombwa wasipokee komunyo. Ndiyo maana mama wa mchezo anaumia. Haombi sherehe. Anaomba kurudi mezani na watoto wake.

KITU GANI KINACHOFUNGA NDOA?

Hapa mwenye kuongoza achore mstari katikati ya ubao. Upande mmoja aandike Lazima, upande wa pili aandike Tunapenda. Watu wataje vitu vyote vya arusi, na kila kimoja kikundi kikubaliane kiende wapi.

Mtashangaa. Upande wa lazima ni mfupi sana. Wawili wanaokubali kwa hiari. Padre au shemasi. Mashahidi wawili. Matangazo ya ndoa yakisomwa kanisani, ili mwenye kujua kizuizi aseme. Vyeti vya ubatizo, mafundisho ya wachumba, na sahihi kwenye cheti cha ndoa. Hata pete, ingawa zinabarikiwa na ni alama nzuri, hazifungi ndoa. Kinachofunga ni lile neno la kukubali, kila mmoja akimwambia mwenzake mbele ya mashahidi.

Keki haipo. Gauni halipo. Gari lenye maua halipo. Video haipo, na mwenye kipaza sauti wa kuita watu wacheze pia hayupo. Arusi inaweza kufungwa katika Misa ya kawaida, watu wakaenda nyumbani wakala githeri na chai, na ndoa hiyo ikawa kamili kama ya mtoto wa waziri.

Lakini nawaomba msitumie ubao huu kumcheka mtu. Nimeona katika vikundi wanaume wakiruka juu na kusema, basi, gauni la nini? Mama aliyekaa miaka kumi na tatu akisubiri, akizaa na kulima, akitaka kuvaa nguo nyeupe siku moja mbele ya watu waliokuwa wakimsema kisimani, huyo hajapotoka. Ana sababu yake. Gauni linaweza kukodiwa, linaweza kushonwa na fundi wa sokoni, linaweza kuazimwa kwa dada aliyeolewa mwaka jana. Kazi ya kikundi ni kumsaidia kupata siku yake bila kuuza mbuzi wa karo.

Parokia nyingine zina arusi ya pamoja. Wachumba wanane au kumi wanafundishwa pamoja, wanaungama pamoja, na wanafunga ndoa Misa moja. Chakula ni cha jumuiya, kila mtu analeta sufuria. Hakuna wa kumtazama mwenzake kwamba keki yangu ni kubwa. Mwulizeni paroko kama yaweza kufanyika kwenu. Ulizeni mapema, na mkumbuke kwamba parokia nyingi hazifungi arusi wakati wa Kwaresima.

MAHARI NA BARUA YA WAZEE

Tukae kidogo hapa, maana hapa ndipo arusi nyingi zinakwama.

Biblia haifichi mambo ya mahari. Someni Mwanzo 29. Yakobo alifanya kazi miaka saba kwa ajili ya Raheli, halafu akapewa Lea, akaongeza miaka saba mingine. Muulizane: Labani alikuwa baba mkwe wa namna gani? Alikuwa analinda heshima ya binti zake, au alikuwa amepata mfanyakazi wa bure? Katika hadithi hiyo hakuna mtu anayewauliza Lea na Raheli wanaonaje.

Mahari ya mababu ilikuwa ya kuunganisha koo mbili. Ilitolewa pole pole, na kwa jamii nyingi wazee wanasema haimaliziki, kwa sababu ikimalizika undugu nao ungekuwa umefungwa kama duka. Sikieni vizuri neno hilo: haimaliziki. Basi mzee anayesema arusi ya kanisani isubiri mpaka mahari iishe, anadai kitu ambacho mila yenyewe haidai. Siku hizi kuna wanaokaa na kalamu wakipiga hesabu ya shule zote alizosomea msichana, kuanzia chekechea. Huyo anatafuta kurudishiwa karo. Na kijana anayebanwa hivyo hajifunzi kuheshimu wakwe. Anajifunza kuwakimbia, na baadaye anamwambia mke wake, nilikununua. Mnajua neno hilo linavyofuatwa na kofi.

Kwa upande mwingine, vijana, msiseme mahari ni mambo ya kizamani ili mpate kuwakwepa wazee. Baba na mama walimlea. Kwenda kwao na mzee wa heshima, kukaa, kusalimia, kutoa kitu, ni adabu. Kwa mtu aliyetimiza miaka 18 sheria haidai ruhusa ya wazazi, lakini baraka zao mtazihitaji siku mtoto atakapougua usiku na nauli haipo.

Kuna jambo moja la huzuni ambalo kikundi lazima kiliseme. Katika sehemu nyingi za nchi yetu, mama akifa mahari ikiwa haijatolewa, ndugu zake wanazuia mazishi. Mwili unakaa mochari, kila siku ina ada yake, wazee wanabishana, watoto wanalia. Mjane anakopa ili aoe maiti. Ng'ombe ambaye angetolewa kwa furaha miaka kumi iliyopita anatolewa kwa machozi, kwa bei ya mtu mwenye haraka.

Dawa yake ni ndogo, nayo ni barua. Wazee wa pande mbili wakutane, pamoja na katekista au mwenyekiti wa jumuiya, na waandike. Tunaweka mfano hapa. Mnaweza kuunakili na kuujaza:

Sisi wazee wa pande mbili tumekutana leo, tarehe ........, nyumbani kwa ......... Tumekubaliana kwamba mahari iliyotolewa mpaka leo ni ......... Iliyobaki ni ........., nayo itatolewa pole pole kadiri ya uwezo. Tumekubaliana kwamba deni hili halitazuia arusi ya watoto wetu kanisani, wala ubatizo wa wajukuu wetu, wala mazishi ya yeyote kati yao. Sahihi, majina na nambari za vitambulisho: ......... Mashahidi: .........

Nakala moja ikae kwa wazazi wa mke, moja kwa wazazi wa mume, moja kwa wenye ndoa. Barua kama hii inasaidia mambo matatu kwa mara moja. Inamwonyesha paroko kwamba familia hazina ugomvi, inathibitisha ndoa ya kimila kama itahitajika, na inawafunga mdomo wale wajomba wanaojitokeza siku ya mazishi tu.

Baba mkwe akikataa kutia sahihi je? Msimpeleke kortini. Mpelekeeni wazee wenzake. Mzee anasikia mzee. Na mara nyingi ukichunguza, hasira yake haikutokana na ng'ombe. Siku ile kijana alipomchukua msichana, hakuna mtu aliyekuja hata kusema hodi.

ZOEZI LA MAHARAGWE

Kila wawili wachumba, au mume na mke, wapewe punje 50 za maharagwe. Kila punje ni shilingi elfu moja. Waambie: hizi ndizo pesa zenu zote, pangeni arusi. Watenge mafungu kwenye karatasi: chakula, nguo, hema na viti, magari, picha, pete, zawadi za wakwe, na mengineyo. Wakisha kupanga, simama useme: Samahani, nilisahau. Kutoka kwenye maharagwe hayo hayo, toeni mabati ya nyumba, mbegu na mbolea ya msimu unaokuja, karo na sare za Januari, na kitu kidogo cha hospitali.

Halafu nyamaza uangalie. Nani ananyosha mkono kwanza kuondoa punje? Anatoa fungu gani? Je, waliulizana, au mmoja aliondoa mwenzake akitazama? Ukimaliza zoezi hili utakuwa umejua habari za nyumba ile kuliko mafundisho ya mwezi mzima. Wachumba wasipoweza kugawa maharagwe bila kununiana, ni heri kununiana kuanze hapa kwa maharagwe.

KIKUNDI KIKOPESHE ARUSI?

Turudi kwa baba anayetaka elfu sitini. Wekeni hesabu ubaoni. Tuseme kikundi kina wanachama 20, kila mmoja anatoa shilingi 200 kwa wiki. Hizo ni shilingi 4,000 kwa wiki. Elfu sitini ni jasho la watu 20 kwa wiki 15. Tuseme tena kikundi kinatoza asilimia 10 kwa mwezi, kama vikundi vingi vinavyofanya. Riba ni shilingi 6,000 kila mwezi. Akishindwa kupunguza deni na awe analipa riba tu, baada ya miezi kumi atakuwa ametoa elfu sitini, na bado anadaiwa elfu sitini zile zile. Wakati huo kamera ya video imesharudi kwa mwenyewe na pilau imesahauliwa.

Mkopo wa ng'ombe wa maziwa unajilipa kwa maziwa. Mkopo wa arusi utajilipa kwa nini? Mimi maoni yangu ni kwamba kikundi kisikopeshe pesa za karamu. Najua wengine watasema, lakini huyu ni mwanachama wetu miaka yote, tumwache aaibike? Hapana. Kuna njia nyingine za kumbeba.

Kikundi kinaweza kununua sufuria kubwa, sahani, viti na hema moja. Mwanachama anatumia bure au kwa bei ndogo, watu wa nje wanakodi kwa bei kamili, na vitu hivyo vinakuwa mradi. Wanachama wanaweza kutoa kazi: wanawake wapike, vijana wachote maji na kuni, wanaume wachimbe choo cha muda na kujenga banda la wageni. Kila mwanachama anaweza kuleta debe nusu la mahindi au kuku mmoja. Na mzunguko wa merigoraundi unaweza kupangwa ili zamu ya mwenye arusi iangukie mwezi wake. Hiyo ni haki yake, haina riba, na tangi la maji liko salama.

Kuhusu harambee na kamati za arusi, nitasema machache kwa sababu nimekaa kwenye kamati hizo na nimepata joto lake. Ahadi si pesa. Mtu akiwa amesimama mbele ya watu anaahidi elfu tano, na kesho yake simu haishiki. Kamati itumie tu kilichokwisha kufika mkononi au kwenye M-Pesa. Mweka hazina awe mtu mmoja na anayeandika awe mwingine. Majuma mawili kabla ya arusi fungeni orodha ya matumizi. Binamu wa mjini akija siku ya mwisho na wazo la farasi au la kuku wa kukaanga kwa kila mgeni, mshukuruni na mmwambie alipe mwenyewe. Someni Yohana 2. Hata huko Kana mwenye arusi aliishiwa divai, na Maria ndiye aliyeona mapema. Kila kamati inahitaji mama mmoja wa kuchungulia jikoni.

MAMBO MENGINE YANAYOULIZWA

Wageni: kijijini huwezi kualika kwa kadi. Jirani aliyekusaidia kuzima moto hawezi kuzuiwa mlangoni. Pikeni chakula cha kawaida kingi, si chakula cha hoteli kidogo.

Mchumba wa dhehebu lingine: nendeni kwa paroko mapema, kwa sababu ruhusa hutoka kwa askofu na huchukua muda. Na zungumzeni kabla ya arusi kuhusu watoto watabatizwa wapi. Msiseme tutaona mbele.

Kupima damu: pimeni, pamoja, na mpeane majibu wenyewe. Lakini viongozi wa Kanisa wajue kwamba sheria ya ukimwi ya mwaka 2006 inakataza kumlazimisha mtu kupimwa kama sharti la kuoa au kuolewa. Tuwashauri kwa upole, tusiwafukuze. Kwa ndugu zetu wa sehemu za ziwa, magharibi na pwani, ulizeni pia kipimo cha selimundu. Wawili wakiwa wanabeba chembe hiyo, hata kama wenyewe hawaugui, kila mimba ina nafasi moja kati ya nne ya kupata mtoto mgonjwa. Ni vizuri kujua mapema kuliko kulaumiana na kusema ni uchawi.

Mke wa kwanza: kama bwana ana mke mwingine, wa kimila au wa kanisa, hawezi kufunga ndoa ya Kikristo na wewe. Padre akifichwa, sheria haifichiki. Na mwanamume anayefunga ndoa ya Kikristo ajue amefunga mlango: hawezi tena kuongeza mke kwa njia ya mila. Wako wanaoahirisha arusi mwaka baada ya mwaka, wakisingizia pesa, na sababu ni hiyo hiyo ya mlango. Dada, ukiona kila kikwazo kikiondolewa kingine kinazaliwa, muulize swali hilo uso kwa uso.

Shamba: kulima pamoja kunahesabiwa. Sheria ya Mali ya Wanandoa ya mwaka 2013 inataja kazi za nyumbani, kulea watoto na kulima kama mchango. Hata hivyo mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilisema kugawana hakumaanishi nusu kwa nusu bila kuuliza. Kila mmoja anaonyesha alichochangia. Basi wekeni risiti, na mkinunua shamba mliandikishe kwa majina mawili. Wachumba wengi wana daftari la wageni na hawana daftari la mali.

KABLA YA KUFUNGA KIKAO

Muulizane ni nani katika kikundi chenu au jirani yenu anayesubiri arusi, na anasubiri nini hasa: ng'ombe, gauni, au mume kuamua. Chagueni watu wawili wa kumtembelea kabla ya mkutano ujao, wakiwa na nakala ya ile barua ya wazee. Waende kwa siri ya kawaida, bila kumtangaza.

Halafu rudieni mchezo. Safari hii jikoni waongezeni watu watatu: mzee wa ng'ombe, katekista, na mweka hazina wa kikundi. Msiwaandikie maneno, waseme wenyewe. Mtoto aachwe aulize swali lake tena, mapema kidogo, kabla baba hajasema habari ya elfu sitini.